Nilimwita pilipili nikidhani namsifu

Yogyakarta, Jumapili, saa tatu na nusu usiku

Najua nimepotea. Wengine mmeuliza kama nimerudi Bongo kimyakimya, na mmoja akauliza kama nimeolewa huku (unajijua, nitakukuta tu). Hakuna lolote jamani, ni TP. Kwa msiosoma ualimu, TP ndiyo yale mazoezi ya kufundisha. Wiki sita nimesimama mbele ya watoto wa darasa la kumi kwenye sekondari moja nje kidogo ya mji, nafundisha Kiingereza, usiku naandika maandalio ya somo, asubuhi nakimbizana na mvua juu ya pikipiki ya kuazima.

Mlikuwa mmeniomba niwaandikie kuhusu mabinti wa huku: wanavyoongea, wanavyovaa, na kama zile video mnazoziona kwenye simu ni kweli au ni maigizo. Nilishaanza, nyepesi nyepesi, vichekesho vingi. Nimeifuta yote. Siwezi kuandika habari hiyo bila kusema kwanza nilichokifanya darasani juma la pili.

Huku kuna Kiindonesia, halafu kuna Kiindonesia. Kipo cha darasani, wenyewe wanakiita baku, ndicho nilichofundishwa mimi. Ukikiongea sokoni mama muuza mboga anakutazama kama vile unamsomea taarifa ya habari. Na kipo cha vijana, gaul. Asili ya neno hilo ni kuchanganyika na watu, kuwa na wenzako. Mtu asiye gaul ni mshamba, au mpweke, au vyote viwili. Mimi nimeshachoka kuwa vyote viwili, kwa hiyo tangu nifike nina daftari dogo, kila neno jipya naliandika.

Mengi wanayaunda kwa kukata. Wanachukua vichwa vya maneno mawili wanavigandisha. "Malas gerak", yaani mvivu wa kujongea, linakuwa mager, na ndiyo hali yangu kila Jumamosi. "Budak cinta", mtumwa wa mapenzi, linakuwa bucin, na hapa nina marafiki wawili Dar nisiowataja. "Bawa perasaan", kubeba hisia, linakuwa baper, ndiye yule ukimtania kidogo tu ananuna siku tatu. Ninalolipenda kuliko yote ni curhat, kutoka "curahan hati", kumwaga moyo. Binti anagonga mlango wako saa tano usiku anasema "nataka curhat", nawe unafunga kompyuta, unasogeza mto, unakaa. Hatujapata neno moja la hivyo kwetu, au kama lipo mniambie.

Sasa basi. Siku hiyo somo lilikuwa sifa za watu. Mchangamfu, mpole, mkaidi, mambo hayo. Kuna binti mmoja anakaa karibu na dirisha, mdomo mwepesi, anajibu kabla sijamaliza swali, anacheka kwa sauti, viatu vyake vina kamba za rangi ya waridi ambazo haziruhusiwi na kila siku anazivaa. Nilikuwa nimewasikia wavulana wa nyuma wakimwita "cabe". Cabe ni pilipili. Nikajiambia aha, kumbe huku nao wana akili kama sisi, mtu mkali mwenye moto wake anaitwa pilipili. Nikaandika kwenye daftari. Na kwa kuwa mnanijua ninavyopenda kuonekana nimezoea, nikamnyooshea mkono mbele ya wanafunzi thelathini na sita nikasema kwa bashasha zote: "Huyu ndiye cabe wetu!"

Darasa lilinyamaza kama sekunde mbili. Halafu wavulana wakalipuka. Wakapiga meza. Mmoja alianguka chini ya dawati, si utani. Binti aliinama, akavuta ushungi wake mbele mpaka nisiuone uso wake, na akabaki hivyo mpaka kengele. Kesho yake hakuja. Keshokutwa hakuja. Siku ya tatu hakuja.

Mwalimu wangu msimamizi, mama wa makamo, aliniita ofisini akanimiminia chai kwanza. Mjava akikumiminia chai kabla ya kuongea, jiandae. Akaniambia taratibu, kwa sauti ile ile anayotumia kuomba chaki, kwamba pengine sikujua maana. Sikujua. Nilirudi kos (ndiyo hosteli zetu za kupanga, yetu ni ya wasichana tupu, geti linafungwa saa nne na ibu kos hana msamaha) nikamuuliza jirani yangu wa chumba cha pili. Huyu ametoka Depok, kule pembezoni mwa Jakarta, kwa hiyo humu nitamwita Mdepok. Alishika mdomo. "Umemwita hivyo? Mbele ya wavulana?"

Ni hivi. Mwaka 2013 na 2014 lilivuma neno "cabe-cabean", tuseme vijipilipili. Waliitwa hivyo wasichana wa sekondari, wengi wa familia za kawaida, wanaopanda watatu kwenye pikipiki moja, suruali za kubana, poda nyingi, wanaokwenda usiku kutazama mashindano ya pikipiki barabarani. Kutoka hapo maana ikateleza haraka sana mpaka kwenye msichana anayenunuliwa. Magazeti yakalidaka, televisheni zikalidaka. Hakuna aliyehitaji ushahidi, ilitosha suruali na pikipiki. Wavulana nao walipewa la kwao, "terong-terongan", vijibilinganya. Hilo watu walicheka likaishia huko. La wasichana bado linauma zaidi ya miaka kumi baadaye, na mimi, mwalimu mtarajiwa, nililitundika shingoni mwa mtoto wa miaka kumi na tano kwa cheo changu chote.

Tangu siku hiyo nawaza kitu kimoja. Sisi wasomi wa lugha, na wazazi, na wakubwa wa serikali, tuna kapu moja tumeliandika "lugha ya vijana" na humo tunatupa maneno mawili tofauti kabisa. Kuna neno ambalo msichana amelitunga au amelichagua mwenyewe ili aseme jambo lake. Na kuna neno lililotungwa juu yake ili asemwe. Ajabu ni kwamba hasira zote za wakubwa zinaangukia lile la kwanza. La pili wanalitumia wenyewe.

Chukueni anjay. Limetokana na "anjing", mbwa, ambalo huku ni tusi hasa. Vijana wakalilainisha mwisho, na wengi sasa wanalitumia kama tunavyosema "duh!" au "mweh!". Mabinti wa kos yetu wanalitumia chai ikiwa moto, na wakipata alama nzuri pia. Agosti 2020 shirika moja la kutetea watoto, Komnas Perlindungan Anak, lilitoa tamko kutaka neno hilo liachwe, likisema likitumika kumdhalilisha mtu laweza kuwa kosa la jinai. Nchi nzima ikabishana juu ya sauti mbili za mwisho wa neno. Sisemi kumwita mtu mbwa ni sawa. Ila najiuliza zile kelele zilikuwa wapi 2014, taarifa ya habari ilipokuwa inawaita watoto wa shule pilipili.

Turudi kwenye yale wanayoyachagua wenyewe, maana hapo ndipo penye utamu. Hapa Jogja vijana wa zamani walikuwa na walikan, lugha ya kugeuza inayofuata mpangilio wa herufi za Kijava. "Mas", yaani kaka, linageuka "dab". Kampuni ya fulana ya hapa iliyoanza 1994 inaitwa Dagadu, na ukiligeuza unapata "matamu", macho yako, ambalo ni tusi dogo la kirafiki. Watalii wananunua fulana hawajui wanatukanwa kwi kwi kwi. Waliokulia pwani mtakumbuka kinyume, ile ya kuhamisha silabi ili watu wazima wasielewe. Ni ndugu moja. Lakini walikan ni ya vijiweni, ya wanaume. Mabinti wengi walichota kwingine kabisa: saluni.

Wafanyakazi wengi wa saluni huku ni waria, watu waliozaliwa wanaume wanaoishi kama wanawake, na wao wana lugha yao ya ndani. Ujanja wake ni kulitoa neno unalotaka na kuweka jingine linaloanza kwa kufanana nalo. "Emang", yaani ndivyo hasa, linakuwa "ember", ndoo. "Sudah", tayari, linakuwa "sutra", hariri. Ni kama sisi tungesema "kandambili" tukimaanisha "kabisa". Umekula? Nimeshiba kandambili! "Hati-hati di jalan", uangalifu njiani, linafupishwa kuwa "Titi DJ", ambalo ni jina la mwimbaji maarufu. Mteja anakaa chini ya mashine ya nywele saa mbili, anasikia, anacheka, anaondoka nayo nyumbani. Mwaka 1999 mwigizaji Debby Sahertian akayakusanya katika kitabu, Kamus Bahasa Gaul, kikauzwa sana, na maneno ya watu wanaodharauliwa kuliko wote mjini yakaingia vinywani mwa mabinti wa shule. Mdepok hakuwahi kukiona hicho kitabu. Mama yake anacho.

Mwaka 1999 ni muhimu hapo. Suharto alikuwa ameondoka Mei 1998 baada ya miaka zaidi ya thelathini, na chini yake Kiindonesia kilikuwa kimekazwa kama tai ya mkuu wa wilaya. Kauli ya serikali ilikuwa lugha "iliyo nzuri na sahihi". Sisi tuliokua na "Kiswahili sanifu" na "Kiswahili fasaha" tunaujua wimbo huo. Basi unapomsikia binti wa miaka kumi na tisa anasema ndoo akimaanisha ndiyo, hafanyi mapinduzi, anacheza tu. Lakini kucheza nako si kila wakati kumeruhusiwa.

Sasa mavazi, maana najua mnayangoja.

Mdepok alikuwa Dukuh Atas Julai 2022. Anajivunia hilo kama babu zetu wanavyojivunia kumwona Nyerere. Dukuh Atas ni kitovu cha Jakarta, treni zinakutana pale, majengo marefu ya benki, wafanyakazi wenye kadi shingoni. Wakati ule vijana kutoka Citayam, Bojonggede na Depok walianza kuja na treni ya mjini, ile KRL ambayo nauli yake inaanzia rupia 3,000, kukaa tu pale. Nyumbani kwao hakuna pa kukaa bure. Wakavaa walichonacho, suruali pana, makoti ya joto kwenye jua la Jakarta, wakageuza kivuko cha waenda kwa miguu kuwa jukwaa la mitindo. Taa ikiwa nyekundu kwa magari, mtu anavuka kwa mwendo wa madaha, anafika ng'ambo, anageuka. Watu wakaiita Citayam Fashion Week. Eneo la maofisi pale karibu linaitwa SCBD, vijana wakasema sawa, nasi tuna SCBD yetu: Sudirman, Citayam, Bojonggede, Depok. Hapo nilicheka peke yangu.

"Ulivaa nini?" nikamuuliza. Shati la baba yake, akasema, mkanda wa mama, na viatu alivyoazima kwa binamu, vikubwa namba mbili, alijaza tishu mbele. Alikuwa na miaka kumi na sita. Alivuka mara nne. Mara ya kwanza miguu ilitetemeka. Mara ya nne mpiga picha mmoja alimwomba arudie. Ile picha hajawahi kuiona mpaka leo na bado anaitafuta mtandaoni.

Kule kukawa na nyota wao. Jeje, aliyejulikana kwa neno lake "slebew" mpaka likawa jina lake, Jeje Slebew, na Bonge, na Kurma, na Roy. Waliulizwa kwenye video wamevaa nguo za bei gani, wakataja bila aibu bei za sokoni. Maoni yaliyoandikwa chini ya video hizo sitaki hata kuyarudia. Wachafu. Kampungan, kutoka "kampung", kijiji au mtaa wa watu wa chini; ndiyo ushamba wetu huo huo. Halafu wenye nazo wakaanza kuja kuvuka pale pale, wanamitindo, watu maarufu, na ghafla ikawa ubunifu. Mwigizaji Baim Wong, kupitia kampuni yake, akapeleka maombi serikalini asajili jina Citayam Fashion Week kuwa alama ya biashara. Watu walichachamaa, akayaondoa maombi ndani ya siku chache. Mwisho wa mwezi ule ule kivuko kikafungwa kwa shughuli hizo, sababu ikitajwa foleni na usumbufu. Mdepok alifika siku moja akakuta askari, akanunua chai ya barafu, akapanda treni kurudi.

Mnaona lakini? Vazi ni lile lile. Alilivaa mtoto wa Bojonggede likawa uchafu, akalivaa mwenye gari likawa mtindo. Na lugha hivyo hivyo. Mabinti waliokuwa wakiandika meseji kwa kuchanganya herufi na namba, miaka ile ya kina "poa xana" na "xaxa" kwetu, waliitwa alay, ambalo wengi hulieleza kama "anak layangan", mtoto wa tiara, yaani wa kushinda juani uwanjani kwa kukosa pengine pa kwenda. Wenzao wa Jakarta Kusini wanaotia Kiingereza kila baada ya neno la tatu wanataniwa pia, ila ni utani wa kupendwa. Wanapewa matangazo ya biashara.

Wakubwa wanasema mavazi haya ni ya kuiga, Korea na Marekani. Aprili, siku ya Kartini, mabinti wa hapa huvaa kebaya, nami nikavaa gauni langu la kitenge kutoka Kariakoo. Ibu kos akanishika mkono: "Wah, batik nzuri!" Nilitaka kumwambia hapana mama, hii ni Afrika. Bahati nzuri nilinyamaza. Kwa sababu vitenge vya nta vilianza na Waholanzi karne ya 19 wakiiga batiki ya Java kwa mashine ili wawauzie Wajava, kisha soko likawa kubwa Afrika Magharibi, na baadaye vikatufikia sisi. Nilikuwa nimerudisha kitambaa kwao bila kujua. Sasa nani kamuiga nani? (Mitumba nayo ipo. Jogja wanaiita awul-awul, Makassar wanasema "cakar", kifupi cha chapa gunia. Kuiingiza nchini ni marufuku, Machi 2023 serikali ilichoma marobota hadharani, na Jumamosi iliyofuata, anasema Mdepok, foleni ilikuwa ndefu kama kawaida. Tungeelewana sana hawa watu na sisi.)

Ila kuna sehemu ambapo haya mambo hayana mzaha, nayo ni kichwani. Namaanisha kilichofunika kichwa.

Mabinti wengi wa kos wanavaa hijabu, na asubuhi bafuni ni shule ya aina yake: kofia ya ndani, pini, pashmina, mikunjo, nani kapindisha vipi. Tangu Hijabers Community ilipoanza Jakarta 2010, na wabunifu kama Dian Pelangi, vazi hilo limekuwa na rangi na mbwembwe. Hata jina limebadilika: bibi zao walisema kerudung, mama zao jilbab, wao hijab. Wakavaa kwa madaha, wakapachikwa neno. Mwaka 2014 likatungwa tusi moja la kuunganisha "jilbab" na neno la Kiingereza la matiti, kwa binti anayevaa hijabu na nguo ya kubana. Asiyevaa anasemwa. Anayevaa anapimwa kiuno. Mdepok havai, mwenzake wa chumba anavaa, na wote wawili wana hadithi za wajomba.

Angalieni na shule, maana ndiko ninakoelekea kufanya kazi. Mwaka 1982 kanuni ya sare za shule za serikali haikuacha nafasi ya jilbab, na wapo mabinti waliofukuzwa kwa kukataa kuivua. Ikaruhusiwa 1991. Januari 2021 huko Padang baba wa binti Mkristo alirekodi mkutano wake na shule iliyomtaka bintiye avae. Mwezi uliofuata mawaziri watatu wakatoa amri kwamba shule ya serikali isilazimishe wala isikataze, na Mei mwaka huo huo Mahakama Kuu ya nchi ikaifuta. Julai 2022, mwezi ule ule Mdepok alipokuwa anavuka barabara na viatu vya binamu, binti mmoja wa sekondari ya serikali Bantul, hapa hapa karibu na tunapoishi, alivalishwa jilbab na walimu kwa nguvu za ushawishi mpaka akajifungia chooni akilia. Agosti 2024 ikawa kinyume: wasichana 18 wa kikosi cha kupandisha bendera ya taifa walionekana kwenye hafla wakiwa wamevua hijabu zao, watu wakaja juu, waandaaji wakaomba radhi, na tarehe 17 wakairudisha. Bendera, kwa taarifa yenu, kwa Kiindonesia ni bendera. Neno moja, sote tumelipata kwa Wareno.

Vua, vaa, vua. Sijui kama kuna aliyewauliza.

Msidhani nasema haya kama mgeni anayeshangaa ya wenzake. Mimi nilinyolewa nywele miaka yote ya sekondari, nywele za kidole kimoja tu zikionekana mkasi unakuja. Shuleni kwetu ukikutwa unaongea Kiswahili nje ya kipindi cha Kiswahili ulivaa kibao shingoni siku nzima. Nilikivaa mara tatu. Mara ya tatu nilikuwa namwambia rafiki yangu kwamba bibi amefariki. Sasa ningesemaje hilo kwa Kiingereza cha kidato cha pili?

Najua kuna atakayenijibu: wewe mwalimu gani, utaacha watoto waandike mager kwenye mtihani? Hapana. Nitasahihisha kwa kalamu nyekundu kama kawaida. Mtoto wa Bojonggede anakihitaji kile Kiindonesia cha taarifa ya habari kuliko mtoto wa Jakarta Kusini, maana ndicho kitamsemea kwenye usaili wa kazi ambapo hakuna mjomba wa kumshika mkono. Nami nataka ajue vyote viwili na ajue kipi kinavaliwa wapi. Ninachokataa ni hii tabia ya kumfukuzia binti neno lake huku tukimwachia la kwetu limkae mgongoni. Tukitaka kupiga marufuku, tuanze na yale tuliyowatungia sisi.

Haya, binti. Alirudi siku ya nne, kamba za viatu nyeupe. Hizo ndizo ziliniuma.

Msimamizi alinishauri niyaache yapite, nikiomba radhi mbele ya darasa nitamwaibisha mara ya pili. Mimi nilitaka kuomba radhi hadharani, nilishaandaa na maneno, kwa baku safi. Usiku Mdepok akaniuliza radhi hiyo ni ya kumsaidia yeye au ya kunisaidia mimi nilale. Nikakasirika, nikaenda kulala, sikulala. Asubuhi nikamwita binti pembeni, chini ya mwembe, nikamwambia sikujua, na kutojua si kisingizio, na nimuombe radhi wapi, hapa au mbele ya wote. Akafikiri. "Usiseme kitu darasani, Miss. Ila unipe mimi kusoma ile hadithi ya leo."

Akasoma. Kwa sauti yake ile. Wavulana wawili wa nyuma nilikuwa nimewapa kazi yao tofauti, waniandikie nusu ukurasa maana ya cabe na limetoka wapi. Mmoja aliandika sentensi moja tu: sijui Miss, kila mtu anasema.

Ijumaa ya mwisho nilimwomba binti anisaidie na daftari langu la maneno. Alikata cabe kwa mistari miwili ya wino, pembeni akaandika: "kece, la kumsifu msichana". Sikulitumia palepale, nimeshapata adabu. Nililileta kwanza kwa Mdepok. Akalitazama, akacheka. "La zamani kidogo," akasema, "lakini salama."

Ibu kos anapita na funguo. Ngoja nikalale.